Ukurasa Uliouliza Watu Kama Wana Uhakika

Siku niliyomwachisha mwanangu ziwa, mama mkwe alipiga simu kutoka Kasekese kuuliza kama mtoto analia. Sijui nani alimwambia. Nilikuwa nimejipaka shubiri asubuhi ileile. Mtoto alionja mara moja, akaniangalia kama mtu aliyeuziwa simu mbovu, na kabla hajamaliza kukunja uso bibi yake alikuwa hewani. Nikasema analia kidogo. Akasema, "Basi sawa. Akizoea uji tumchukue."

Hilo "tumchukue" sikulishangaa. Kwa akina mume wangu, mtoto akiacha ziwa anapelekwa kwa bibi. Mume wangu alilelewa hivyo, na dada zake pia. Ukiuliza kwa nini, wanakuangalia kama umeuliza kwa nini watu wanakula. Bibi ana nafasi, ana kuku, ana uwanja wa kuchezea. Mama ana nini? Mama ana vyumba viwili vya kupanga Makanyagio, mjini Mpanda, na cheti cha kidato cha nne kilicholala chini ya nguo tangu kilipotoka.

Kwetu Kibaoni nako watoto huenda kwa bibi, nisijifanye tumeshuka kutoka mbinguni. Mimi mwenyewe nilipelekwa. Niliporudishwa kuanza shule, mama yangu alikuja kunipokea barabarani, nikampigia goti na kumwamkia vizuri kabisa, kama unavyomwamkia mke wa mwalimu. Watu wakanisifia adabu. Mama yangu hakusifia. Alinibebea mfuko akatangulia, na mpaka leo tukiwa wawili tunaongea kama majirani wanaoheshimiana. Kwa hiyo sikutaka. Sikuwa na hoja nyingine, na hiyo haikuhesabika kuwa hoja.

Mume wangu si mtu mbaya. Ni fundi wa kuchomelea mageti, na akili yake inafanya kazi kama geti: limefunguka au limefungwa. Akasema, "Sikatai abaki. Ila niambie, unabaki naye ufanye nini? Unakaa tu." Kukaa tu kwenyewe ni kuchota maji, kufua, kupika, na kusugua masizi ya vyuma kwenye mashati yake. Nikamwambia nimepata nafasi kwenye mafunzo ya kutengeneza tovuti. Akafikiri sana.

"Tovuti ndio nini? Kitu cha kushika?"

"Si cha kushika. Ni cha kwenye simu."

"Haya. Kozi ikiisha tutaona imeleta nini. Ikileta kazi, mtoto anabaki. Isipoleta, anaenda kwa mama."

Nikakubali. Nilidhani ni mkataba.

Mafunzo yalikuwa kwenye jengo lililowahi kuwa duka la vifaa vya ujenzi, na bado lilinuka saruji. Tangazo lilisema wanawake vijana watapewa kipaumbele. Halikusema wanawake vijana wawaache wapi watoto wao. Nilienda naye. Mkufunzi wetu, kijana aliyeletwa kutoka Dar es Salaam akiwa na viatu vyeupe ambavyo vumbi la Mpanda lilivimaliza mapema, alimwangalia mtoto kama mzigo ambao mwenyewe hajulikani.

"Dada, mazingira ya kazi huwa hayana watoto."

"Ticha," nikamwambia, "na hao walioko kwenye mazingira ya kazi wamezaliwa na nani?"

Darasa likacheka, yeye akaandika kitu ubaoni, na mtoto akabaki. Alikaa chini ya meza yangu akivuta waya. Ndiyo maana mpaka leo nahifadhi kazi yangu kila baada ya sentensi mbili. Wenzangu walifundishwa hiyo tabia kwa nadharia, mimi nilifundishwa na mtu anayetambaa.

"Nyie wadada wa Katavi," ticha alianza, "msiogope kompyuta, haing'ati." Nikageuka kutafuta aliyeogopa. Sikumwona.

Tulianza na lugha ya kupanga maandishi kwenye ukurasa, tukaja ile ya rangi na mapambo, kisha tukafika kwenye JavaScript, ambayo ndiyo inaufanya ukurasa ujibu ukiguswa. Hizo mbili za kwanza ni kujenga nyumba na kuipiga chokaa. Hii ya tatu ni kumweka mtu ndani, ukigonga aitike. Lakini anaitika kama umemwelekeza sawasawa. Ukisahau bano moja tu, haitiki, wala hasemi ana shida gani. Ukurasa unakaa umenuna kama wifi. Ticha anasema, "Soma kosa." Kosa lenyewe limeandikwa kwa Kiingereza chekundu, na Kiingereza changu mimi ni cha sekondari ya kata, tulikifundishwa kwa Kiswahili.

Nilitukana sana. Nilitukana kompyuta, nilitukana mabano, nilimtukana aliyeamua kwamba alama moja ya sawasawa ni kitu kimoja na alama tatu za sawasawa ni kitu kingine. Halafu siku moja kitufe changu kikaitika. Nilikibonyeza kikageuka kijani na kuandika "Karibu". Nikakibonyeza tena na tena. Sikumwambia mtu kwamba macho yalijaa machozi. Nilisema ni saruji.

Jioni nikampelekea mume wangu kwenye simu. Akabonyeza. Kikaandika "Karibu".

"Ndio hiyo?"

"Ndio hiyo."

"Miezi yote hiyo?"

Nikamnyang'anya simu.

Baadaye ticha akatuletea maktaba. Kwenye kazi hii maktaba haina vitabu. Ni maelekezo ambayo mtu mwingine, huko aliko, ameshayaandika na kuyajaribu, wewe unayaita tu kwa mstari mmoja yaje kukufanyia kazi. Kuna maktaba ya kuchora kalenda, ya kupanga orodha, ya kufanya picha zitembee. "Kwa nini uchonge mlango wakati milango inauzwa?" ticha alisema. Mimi mke wa fundi nilijua jibu, kwamba mlango wa dukani mara nyingi haulingani na ukuta wako. Ila sikusema, kwa sababu na mimi nilikuwa nimechoka kuchonga.

Maktaba aliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya visanduku. Mtu akibonyeza kitufe, kinaruka kisanduku katikati ya simu, kina alama ya mshangao ya njano, kinatikisika kidogo, kinauliza: "Una uhakika?" Chini yake vitufe viwili, Ndiyo na Hapana. "Mtumiaji lazima athibitishe," ticha alisema. "Bila uthibitisho, mfumo wako ni wa kitoto." Basi darasa zima tukawa na visanduku vinavyotikisika. Kulikuwa na mwenzetu ambaye ukurasa wake ulikuwa unauliza una uhakika kabla haujakuonyesha picha ya mbuzi.

Mwisho wa kozi kila mmoja alitakiwa kuonyesha ukurasa unaotumiwa na watu kweli, mbele ya wageni waliotoa msaada. Atakayeshinda angebaki kituoni kuwa msaidizi wa mkufunzi. Mimi nilijua neno moja tu hapo: kazi. Nikaenda kutafuta watu wa kweli kwenye mashine ya kukoboa mpunga.

Mwenye mashine ni mama mpana mwenye sauti inayoishinda mota, na mji mzima unamwita Mama Mashine. Mavuno yakianza, shida yake ni moja. Leo magunia yanajaa mpaka barabarani, watu wanayalalia, kuku wa mtaa mzima wananenepa. Kesho hakuna mtu, anakaa na vijana wake wanacheza drafti. "Mimi nataka kujua nani anakuja lini," aliniambia. "Mengine yote najua." Nikamtengenezea ukurasa. Unachagua siku, unaandika magunia mangapi, unabonyeza Weka Nafasi. Kisanduku kinaruka: "Una uhakika utafika siku hiyo?" Ukibonyeza Ndiyo, jina linaingia kwenye orodha ya Mama Mashine. Ukibonyeza Hapana, ukurasa unafuta kila kitu na kuandika "Asante", kwa sababu nimelelewa, siwezi kumfukuza mtu bila kumshukuru.

Darasani tuliujaribu wote, tukabonyeza Ndiyo, ukafanya kazi vizuri. Ticha akanipa mkono.

Niliandika anuani kwenye ubao wa boksi nikautundika getini pa mashine. Mama Mashine akawatangazia wateja, mmoja akaitupia kwenye grupu la kwaya, ikatoka huko ikaenda kwenye magrupu ya vijiji. Nilikuwa naona watu wakiufungua ukurasa, wa Kabungu, wa Kasekese, wengine mpaka wa kwetu Kibaoni, ambao kuja kukoboa Mpanda ni wendawazimu. Walifungua, wakachagua siku, wakaondoka. Nafasi za kwanza zilikuwa za Jumatano inayofuata, lakini orodha ikabaki tupu. Siku ya kwanza nikasema wanaangalia tu. Zilizofuata nikabadilisha rangi, nikakuza maandishi, nikahamisha kitufe. Hola.

"Usijilaumu," ticha akaniambia huku akijilamba soda mdomoni. "Jamii yenu bado haijafikia huko."

"Huko wapi, ticha?"

"Kwenye utamaduni wa dijitali."

Nilimtazama viatu vyake. Nilikuwa na shida kubwa kuliko yeye. Mume wangu naye alikuwa anaufungua ule ukurasa kila jioni, anaona orodha tupu, anaizima simu. Siku moja akasema. "Nimeongea na mama. Jumatano anakuja na mpunga wake kukoboa hapa, akirudi atarudi na mtoto. Si unaona mwenyewe haijaleta kitu?"

"Kozi haijaisha."

"Ijumaa inaisha. Atasubiri."

Mtoto alikuwa amekaa katikati yetu anakula ugali kwa mikono miwili, akicheka na kijiko.

Jumanne Mama Mashine alinipigia. "We fundi, kesho orodha yako inasema hakuna mtu. Ni kweli?" Nikaangalia. Hakuna hata mmoja. Nikasema ndivyo inavyosema. "Basi nafungua mashine nibadilishe chekeche na mikanda, vijana wangu wapumzike." Nikasema sawa. Watu tuliosoma tunaamini maandishi.

Jumatano asubuhi akapiga tena, na safari hii simu haikuhitajika, ningemsikia hata bila mtandao.

"Njoo hapa! Njoo uone hawa wasiokuwepo!"

Nilimfunga mtoto mgongoni nikaenda kwa bodaboda na kompyuta ya kituo kifuani. Uwanja ulikuwa umejaa mpaka kwenye mtaro. Magunia, baiskeli, guta, Fuso moja limezuia geti, watu wamekaa juu ya mpunga wao wanakula mihogo. Katikati, mashine imelala wazi kama mgonjwa wa upasuaji, vyuma vyake vimetandazwa kwenye turubai, na kijana anayejua kuvirudisha ameshaondoka kwenda shambani kwa wakwe. Na juu ya gunia la mbele kabisa, kitenge kipya, mkoba wa maua wa kubebea nguo za mtoto umekunjwa mapajani, alikaa mama mkwe.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Mlete mjukuu wangu. Mmempa kula?"

Sikupata muda wa kujibu. Mama Mashine alinishika bega akanigeuza niwaangalie watu wote, kama anaonyesha mwizi.

"Huyu ndiye fundi wa ule ukurasa! Ulisema leo hakuna mtu. Hawa ni majini?"

Na mimi nikapata hasira. "Nyie, si mngeweka nafasi? Anuani iko hapo getini, kubwa kama mlango!"

"Tumeweka!" wakajibu. Si mmoja, uwanja mzima.

Mzee mmoja akashuka kwenye baiskeli yake, mwenye koti, mpole. "Binti, mimi niliweka Jumapili baada ya misa. Nilibonyeza mwenyewe. Ikasema asante."

"Ilisema asante?"

"Ilisema asante. Nikaijibu karibu."

Watu wakacheka. Nikatoa simu nikamgeukia mama mkwe, kwa sababu ndiye aliyekuwa karibu. Kusema kweli pia nilitaka nimkamate yeye.

"Mama, na wewe uliweka?"

"Niliweka. Wifi yako alinifungulia."

"Hebu weka tena nikuone. Weka ya Jumatatu."

Akaishika simu mbali na macho, kama kitu cha moto. Akachagua Jumatatu vizuri. Akaandika magunia. Akabonyeza Weka Nafasi. Kisanduku kikaruka kikatikisika, naye akarudi nyuma kidogo. Akasoma kwa sauti, neno kwa neno: "Una. Uhakika. Utafika. Siku hiyo." Akanitazama. Halafu akabonyeza Hapana. Ukurasa ukaandika Asante, akanirudishia simu. "Haya. Nimeweka."

"Mama! Umebonyeza hapana!"

"Sasa nibonyeze nini?"

"Ndiyo! Si unakuja?"

"Kuja nakuja. Lakini haikuniuliza kama nakuja. Imeniuliza kama nina uhakika. Leo Jumatano, uhakika wa Jumatatu nautoa wapi mimi? Naweza nikaamka mgonjwa. Gari linaweza kufa pale Kabungu. Niseme nina uhakika halafu nisitokee, si nimemdanganya huyu mama wa watu?"

"Kweli kabisa," akasema mwanamke aliyekuwa ananyonyesha juu ya kiroba.

"Halafu linatikisika," akaongeza mwenye Fuso. "Mtu unaona kabisa unaonywa."

"Mimi niliona ni mtego," akasema mzee wa koti. "Anayejua ya Jumatano ni Mungu peke yake. Nikajua hawa wanapima kama sisi ni watu wa kujigamba."

"Kwa hiyo," nikauliza, na sauti yangu ilikuwa inapanda yenyewe, "nyie wote hapa mlibonyeza hapana?"

"Ndiyo!" wakaitika pamoja, kwa uhakika mkubwa sana.

Nilitaka kulia, nikajikuta nacheka, na kucheka kwenyewe kulikuwa kwa hasira. Kwa sababu ni kweli. Hakuna mtu huku anayekuambia kesho anakuja, akaishia hapo. Mimi mwenyewe mama yangu akipiga kutoka Kibaoni kuuliza lini nitakwenda, sijawahi kumtajia siku bila kumtaja Mungu mbele yake. Ukitaja siku peke yake anadhani umegombana na mtu. Lakini nilipokaa mbele ya kompyuta niliandika kama mtu wa kwingine, mtu ambaye magari yake hayafi na watoto wake hawapati homa. Nilichukua mlango wa dukani. Na darasani hatukuliona kosa, kwa kuwa sisi tulikuwa tunabonyeza Ndiyo ili ticha afurahi.

Nikakaa kwenye gunia, kona ya karibu na choo ambako mtandao ulikuwa unashika, mtoto akanipanda mabegani. Nikafuta mstari unaoita ile maktaba ya visanduku. Nikaifuta na yenyewe, kisanduku, mshangao, mtikisiko, vyote. Nikaweka kitufe kimoja chenye maneno: "Nitakuja, Mungu akipenda." Kijana wa Fuso akachungulia begani kwangu.

"Na sisi tusioswali?"

"Wewe unakuja au huji?"

"Nakuja, lakini usinitie dini kwa nguvu, dada."

Nikabadilisha: "Panapo majaliwa nitakuja." Akasema hapo sawa. Nikampigia ticha kumweleza. Alishtuka kama nimemwambia nimechoma kituo.

"Hiyo si lugha ya mifumo. Jibu linatakiwa liwe wazi, ndiyo au hapana."

"Ticha, huku ndiyo yenyewe ndiyo hii."

"Wageni watatuonaje?"

Nikakata simu. Mtoto alikuwa ameshika spika zangu za masikioni anazitafuna.

Watu wakaweka nafasi kwenye simu zao palepale, kwa kushindana, mwenye simu ya kupangusa akiwawekea wasionayo. Alhamisi ikajaa, Jumatatu ikajaa, Mama Mashine akisoma majina kwa sauti huku anapunguza hasira kidogo kidogo. Yule kijana wa mashine alirudishwa kutoka kwa wakwe. Mchana vyuma vikarudishwa, mashine ikaanza kukoboa, na walioweka magunia yao chini mwanzo wakakoboa mwanzo, kama siku zote. Siku zilizofuata, walioandika majaliwa walikuja. Majaliwa yalikuwepo.

Ijumaa tukaonyesha kazi zetu. Ticha aliutambulisha ukurasa wangu kwa wageni akisema, "Hapa tulifanya utafiti wa kina na jamii ili kuelewa lugha ya mtumiaji." Tulifanya. Aliyeshinda ni kijana mmoja aliyetengeneza viboko wa mbugani Katavi wanaofungua mdomo ukiwagusa. Nimewagusa. Wanafungua kweli. Sina ugomvi na viboko.

Lakini Mama Mashine alikuwa amekuja, na kitenge chake cha kanisani, na mbele ya wageni wale akaniambia, kwa sauti yake ileile, "Wewe Jumatatu unaanza kwangu. Foleni yangu sasa haiendi bila wewe. Na kaka yangu mwenye ghala naye anataka wa kwake." Nilitembea mpaka nyumbani kwa miguu ili niifaidi hiyo njia.

Mume wangu alikuwa anamenya muhogo na mama yake uani. Nikasema nimepata kazi. Alifurahi, nisimwonee, alisimama kabisa. Akasema hongera mara mbili. Halafu akakaa, akafikiri, nikaona geti linasogea.

"Sasa hapo mtoto atakaa na nani?"

"Na mimi."

"Kazini?"

"Na huko darasani alikuwa wapi?"

"Darasa ni darasa. Kazi ni kazi. Mtu ameajiriwa hawezi kufunga mtoto mgongoni."

Mama mkwe akaipokea hoja taratibu, kama mtu anayemalizia wimbo anaoujua. "Kazi ni baraka, mama. Ndiyo maana nikasubiri. Niachie mtoto, uifanye vizuri."

Nikawatazama wote wawili. Ningekosa kazi, angeenda kwa sababu sina kazi. Nimepata, anaenda kwa sababu ninayo. Walikuwa hawanidanganyi, hilo ndilo lililoniudhi zaidi. Walikuwa wanaona kabisa ni busara. Kitu kimoja ticha alinifundisha nikakielewa mara ya kwanza ni masharti: kama hivi, fanya vile, kama sivyo, fanya vingine. Na akasema ukikuta pande zote mbili za sharti zinafanya jambo lilelile, ujue hapo hakuna sharti. Kuna mtu ameandika uamuzi wake akaupamba. Futa.

"Baba," nikamwambia mume wangu, "wewe ulisema ikileta kazi anabaki. Imeleta. Anabaki."

"Nilisema, lakini sikufikiria..."

"Mimi nilifikiria. Miezi yote hiyo nilikuwa nafikiria hilo tu."

Mama mkwe akahamia Kibende, lugha ya kwao. Akitaka kunisema vizuri huwa anahamia huko, kwa kuwa mimi Mpimbwe nashika nusu. Niliishika nusu. Ilinitosha.

Jumamosi asubuhi gari la Kasekese lilikuwa linapakia. Mchele wake ulikuwa juu, pumba juu, na ule mkoba wa maua umejaa nguo, maana alizikunja mwenyewe alfajiri wakati nachota maji, na niliporudi niliwakuta wametangulia kwenye gari. Mume wangu alikuwa amembeba mtoto. Nikamchukua mtoto. Kisha nikashika mkanda mmoja wa mkoba. Mama mkwe alikuwa ameshika ule mwingine. Abiria wakawa kimya kwa heshima, yaani walisogea wasikie.

"Utamlea kwenye vumbi la pumba?" akauliza.

"Kwenye vumbi la pumba, mama."

"Akikohoa?"

"Nitampeleka zahanati. Akikukumbuka nitamleta kwako mwenyewe, atakaa wiki, nitamfuata. Lakini hapandi hili gari."

"Unanikatalia mjukuu mbele za watu?"

"Wewe ndiye uliyemleta mbele za watu, mama. Mimi nilikuwa nimemwacha nyumbani amelala."

Akamtazama mwanawe. Mwanawe alikuwa anatazama kiungio cha bomba la gari, kwa macho ya fundi, kana kwamba ameitwa kulichomelea. Mama mkwe akaachia mkanda. Akapanda bila kuniaga, na konda akagonga bati.

Mume wangu hakuongea nami mpaka Jumatatu, nilipomfunga mtoto mgongoni kwenda mashineni. Hapo akasema tu, "Mfunike pua," akanipa kitambaa chake cha kazini, kilichonuka moto.

Mama mkwe alikaa kimya mpaka mvua za kwanza. Halafu likaja gunia la mchele na gari lilelile, mchele wa bondeni, mweupe, usio na chenga. Konda aliuteremsha, akanikabidhi na maelekezo aliyopewa kwa mdomo, akayatoa kama yalivyo, mbele ya majirani. "Bibi amesema huu ni wa mtoto. Mama yake asile."

Nilipika jioni ileile. Mtoto alikula kidogo, akalala. Mimi nilikula sahani mbili.